Asilimia Mbili Ni Yako: Mwongozo Kamili wa Mkopo wa Halmashauri kwa Watu Wenye Ulemavu Dar es Salaam

Kwenye daftari la kikundi chetu kuna ukurasa mmoja ninaomwonyesha kila anayekuja kuniuliza habari za mkopo wa halmashauri. Juu umeandikwa kwa kalamu nyekundu: BAJAJI. Chini yake kuna safu ya tarehe na safu ya fedha. Kwenda kata, kurudi. Kwenda benki, kurudi. Kwenda kata tena, afisa hakuwepo. Kabla hatujashika hata shilingi moja ya mkopo, nauli peke yake ilikuwa imefika shilingi 148,000. Kikundi cha akina mama wa mtaa wetu huohuo, wanaodandia daladala kwa miguu yao, waliniambia wao walitumia kama elfu thelathini tu kwa safari zilezile.

Hapo ndipo umaskini wetu unapoanzia. Watu hudhani mtu mwenye ulemavu ni maskini kwa sababu hawezi kufanya kazi. Wengi wetu kazi tunafanya tangu alfajiri. Tatizo ni kwamba shilingi elfu kumi mkononi mwangu haifanyi kazi ya elfu kumi mkononi mwako, maana yangu inakatwa njiani na bajaji, na anayenishikia mzigo, na gongo linalokatika raba. Na ulemavu wenyewe mara nyingi huletwa au kuzidishwa na umaskini: mguu kifundo wa mtoto ambaye hakupelekwa hospitali mapema, sikio lililotoa usaha miaka bila dawa, bodaboda iliyopinduka na mfupa ukaungwa vibaya. Kimoja kinamvuta mwenzake.

Mimi natembea kwa magongo tangu utoto. Ni katibu wa kikundi cha watu saba hapa Temeke: wawili ni viziwi, mmoja haoni, mmoja ana ualbino, na watatu tuna ulemavu wa viungo. Tunashona sare za shule. Tumechukua mkopo, tumerejesha, na tulikaribia kuzama kabla hatujajifunza kuandika hesabu zetu kwa ukweli. Ninayoandika hapa ni njia nzima, na pale tulipoumia nitakaa zaidi.

Fahamu kwanza unachodai

Kifungu cha 37A cha Sheria ya Fedha za Serikali za Mitaa, kilichoingizwa mwaka 2018, kinaitaka kila halmashauri itenge asilimia 10 ya mapato yake ya ndani kwa ajili ya mikopo: asilimia 4 kwa wanawake, 4 kwa vijana na 2 kwa watu wenye ulemavu. Mkopo huu hauna riba. Ukikopa milioni nne unarudisha milioni nne. Mtu akikutajia riba, au akikuomba "ya chai" ili faili lako lisogee, jua kwamba hilo halimo kwenye sheria, na namba ya TAKUKURU ni 113.

Chukua mfano wa hesabu. Halmashauri ikitenga mikopo kutoka mapato ya bilioni 10, fungu lote ni bilioni 1, na sehemu yetu ni milioni 200. Si fedha za huruma. Zinatokana na ushuru wa masoko, leseni na vibali ambavyo na sisi tunalipia.

Mikopo hii ilisimamishwa mwaka 2023 baada ya ukaguzi kufichua vikundi hewa na fedha zisizorejeshwa, ikarudi mwaka 2024 na kanuni mpya. Jiji la Dar es Salaam, yaani halmashauri ya Ilala, liliwekwa miongoni mwa halmashauri 10 za kujaribu utaratibu wa kupitia benki. Kwa hiyo jirani yako wa Ilala anaweza kupita njia tofauti kidogo na wewe wa Temeke, Kinondoni, Ubungo au Kigamboni. Usibebe maelezo ya kusikia. Nenda kwa afisa maendeleo ya jamii wa kata yako, ndiye mlango wa jambo hili.

Tafuta wenzako kwa maswali sita

Nilipomwendea mtendaji wa mtaa kuomba orodha ya watu wenye ulemavu, alinipa majina 12. Mtaa wetu una maelfu ya watu. Sensa ya 2022 ilionyesha kwamba asilimia 11.2 ya watu wenye umri wa miaka 7 na kuendelea nchini wana ulemavu. Piga hesabu ya mtaa wako, utaona orodha ya mtendaji imeacha wangapi nje.

Wameachwa kwa sababu ya namna wanavyoulizwa. Ukibisha hodi na kusema "Kuna mlemavu humu?", mama atajibu hakuna, na mtoto wake yuko chumba cha ndani. Tumia maswali sita ambayo wataalamu wa takwimu wa Umoja wa Mataifa waliyatengeneza kwa ajili hiyo. Hayataji neno ulemavu hata mara moja. Je, unapata shida kuona, hata ukivaa miwani? Kusikia, hata ukitumia kifaa? Kutembea au kupanda ngazi? Kukumbuka au kumakinika? Kujihudumia, kama kuoga na kuvaa? Kuelewana na watu kwa lugha yako ya kawaida? Majibu ni manne: hapana, kiasi, shida kubwa, siwezi kabisa. Anayesema shida kubwa au siwezi kabisa kwenye swali hata moja, huyo ni wa kuzungumza naye.

Tulipita nyumba kwa nyumba Jumapili tatu. Bibi mmoja aliniambia, "Mwanangu, mimi si mlemavu, ni uzee tu wa macho." Hakuwa anaona mkono wake mwenyewe. Tulimwacha na heshima yake, lakini mjukuu wake kiziwi, fundi wa cherehani aliyekaa nyumbani miaka minne, ndiye leo anayeongoza ushonaji wetu. Kwenye orodha ya mtendaji jina lake halikuwemo.

Kuhusu idadi: kanuni za awali zilitaka kikundi cha watu wenye ulemavu kiwe na watu watano. Marekebisho ya 2021 yalilegeza, na hata mtu mmoja mwenye ulemavu anaweza kuomba peke yake. Lakini kama mnaweza kuwa kikundi, kuweni. Siku nikilazwa, cherehani langu halilali.

Neno moja kwa akina mama wenye watoto wenye mtindio wa ubongo au mgongo wazi. Wewe mwenyewe ni mwanamke, na asilimia 4 ya wanawake ni yako kama ilivyo ya mwanamke mwingine. Mwanamke mwenye ulemavu naye hajafungiwa kwenye ile 2 tu. Uliza mlango ulio rahisi zaidi kwako, ila usiombe milango miwili kwa mara moja.

Na onyo, nalisema kwa uchungu kwa sababu nimeliona. Watakuja watu wazima wenye afya wakiwa na wazo la biashara na simu nzuri, wakikuomba jina lako na picha yako ili "mpate wote". Fedha zitaingia, wao watazichukua, na deni litabaki na saini yako. Usikodishe jina lako kwa mtu.

Katiba, usajili na akaunti

Hapa si pagumu. Katiba ya kurasa chache inatosha: jina la kikundi, makazi, malengo, viongozi na muda wao, viingilio, namna ya kuingia na kutoka, na nini kitatokea mwanachama akifa au kuhama. Ofisi ya maendeleo ya jamii huwa na mfano. Andaeni muhtasari wa kikao kilichoamua kuunda kikundi ukiwa na saini za wote, barua ya utambulisho ya mtendaji wa mtaa, vitambulisho vya NIDA au namba zake, na picha ndogo za kila mmoja. Mengi sasa hujazwa kwenye mfumo wa kielektroniki wa mikopo, kwa hiyo kila karatasi ipigwe picha na kuhifadhiwa kwenye simu zaidi ya moja.

Andikeni ndani ya katiba kwamba kikao si halali bila njia ya kila mwanachama kuelewa. Kwetu maana yake ni mkalimani wa lugha ya alama kwenye kikao cha mwezi, na kila karatasi kusomwa kwa sauti kabla ya kusainiwa. Mwaka wa kwanza hatukufanya hivyo. Wenzetu viziwi waliketi wakitutazama midomo saa mbili nzima, kisha tukawaletea karatasi wasaini. Baada ya miezi mitatu mmoja aliacha kuja. Alipoulizwa sababu aliandika kwenye kiganja changu kwa kalamu: "Nimechoka kuwa saini." Niliona aibu ambayo haijaisha mpaka leo.

Akaunti ya benki iwe na watia saini watatu, na asiwepo anayetoka familia moja na mwenzake. Asiyeona ana haki ya kufungua akaunti na kutia dole gumba mbele ya shahidi wake mwenyewe. Mhudumu akigoma, ombeni kuonana na meneja na mkae palepale hadi mjibiwe. Kwa fedha za simu, jambo ni namba ya siri. Mwenzetu asiyeona kwa miaka alikuwa anamtajia wakala namba yake kwa sauti, dirishani, watu wakiwa wamepanga foleni nyuma yake. Simu nyingi za Android zina programu ya kusoma skrini kwa sauti, imo ndani ya mipangilio na hainunuliwi. Tulikaa naye siku mbili na kifaa cha masikioni. Sasa namba yake anaijua yeye peke yake.

Andiko la mradi: andika gharama ya ulemavu

Hapa ndipo nataka usome polepole.

Vikundi vingi vinaandika sabuni ya maji. Vingine vinaandika ufugaji wa kuku kwa sababu aliyetangulia aliandika kuku. Chagueni kazi ambayo tayari kuna mtu ndani ya kikundi anaiweza na mteja yuko karibu. Sisi tulikuwa na mafundi wawili viziwi wenye mikono ya dhahabu. Cherehani ikianza kulegea wanajua kwa mtetemo kabla haijakatika uzi. Asiyeona ndiye anayepiga simu shuleni na kuwatambua walimu wakuu kwa sauti, na ndiye mkaguzi wetu wa mwisho: hupitisha vidole kwenye kila mshono, na uliorukwa haumpiti. Mwenye ualbino anakata vitambaa ndani, mbali na jua. Kazi iliwafuata watu, si watu kuifuata kazi.

Sasa hesabu. Andiko letu la kwanza, kwa bei za mwaka huo, lilisomeka hivi. Seti moja ya sare tunauza 22,000. Kitambaa, uzi na vifungo ni 13,500. Kinabaki 8,500. Mwezi wa kawaida tunashona seti 120, kwa hiyo 1,020,000. Toa kodi ya chumba 150,000, umeme 40,000, na posho ya watu saba kwa 60,000 kila mmoja, yaani 420,000. Zinabaki 410,000. Tuliomba milioni 6 kwa miezi 24, marejesho 250,000 kwa mwezi. Baada ya marejesho tunabaki na 160,000. Andiko zuri, afisa alilisifu.

Lilikuwa la uongo. Hatukumdanganya afisa, tulijidanganya wenyewe. Tuliandika kana kwamba tunatembea, tunaona na tunasikia kama watu wengine, kwa sababu tuliogopa tukitaja ulemavu watasema hatukopesheki. Kisha usiku mmoja nikafungua ule ukurasa wa BAJAJI na kuanza kuorodhesha yanayotutoka kila mwezi:

Bajaji za kuleta vitambaa kutoka Kariakoo, kwa sababu hakuna kati yetu anayeweza kupanda daladala na belo: safari nne za kwenda na kurudi, 64,000. Mkalimani mara mbili kwa mwezi, 60,000. Mafuta ya kujikinga na jua kwa mwenzetu, 25,000. Kijana anayemshika mkono asiyeona kwenda kwa wateja, 2,000 kwa siku 22, yaani 44,000. Raba za magongo na matengenezo ya kitimwendo, 15,000.

Jumla 208,000. Na sisi tulikuwa tumejiachia 160,000. Kila mwezi tungekuwa tunapungukiwa 48,000, na hakuna ambaye angejua fedha inapotelea wapi. Wangesema walemavu hawana nidhamu ya fedha. Maneno hayo nimeyasikia kwenye vikao, na ninaamini vikundi vingi vilivyoshindwa kurejesha vilishindwa kwenye mstari huu ambao havikuuandika.

Tulirudi kwa afisa na andiko jipya. Tulipunguza mkopo kutoka milioni 6 hadi milioni 4 na laki 2, cherehani tatu badala ya tano, na marejesho yakawa 175,000. Hesabu ikawa 410,000, toa 208,000, toa 175,000, zinabaki 27,000. Kidogo, lakini za kweli. Ile orodha ya gharama tuliiweka waziwazi chini ya kichwa "Gharama za kufikia kazi". Nilidhani afisa atatukatalia. Akasema, "Dada yangu, hili ndilo andiko la kwanza la asilimia mbili ninaloliamini."

Kwa hiyo fanyeni hivi: mwezi mmoja kamili kabla ya kuandika, kila mwanachama aandike au arekodi kwa sauti kila shilingi aliyotoa kwa sababu ya ulemavu wake. Msikadirie. Mtashangaa. Kisha ipeleke orodha hiyo ndani ya andiko kabla ya kuamua mkope kiasi gani.

Jambo la pili ni misimu. Sare zinauzwa Desemba na Januari, halafu kidogo kabla ya muhula wa Julai. Machi hadi Mei ni masika, na masika ya Dar unayajua: vichochoro vinageuka matope, bajaji anakataa kuingia, magongo yanazama, kitimwendo hakisogei. Kwetu mvua ni siku isiyo na kipato, hata kama chumba hakivuji. Sasa tunatenga sehemu ya mauzo ya Januari kwenye akaunti na hatuigusi mpaka Aprili. Ombeni pia muda kabla ya marejesho ya kwanza, na tarehe ya kuanza iwe karibu na msimu wenu wa mauzo.

La tatu ni mlango. Chumba cha kazi kiingie kwenye bajeti pamoja na njia yake. Kipimo ni kimoja kwa kumi na mbili: kila sentimita 1 ya kupanda inataka sentimita 12 za urefu. Kizingiti chetu kilikuwa na kimo cha sentimita 15, kwa hiyo mteremko ulitakiwa uwe na urefu wa sentimita 180. Fundi alijenga wa 70, akasema "mbona unapandika". Alikuwa na miguu. Siku ya kwanza kitimwendo cha mwenzetu kilipinduka kinyumenyume na akapasuka kisogo, nyuzi tatu. Tulivunja na kujenga upya kwa futikamba mkononi. Mlango uwe na upana wa sentimita 90, na ndani pawepo nafasi ya kugeuza kitimwendo, kama mita moja na nusu kila upande.

Kupeleka maombi na siku ya ukaguzi

Maombi huanzia kata, hupitiwa, hukaguliwa, ndipo hufika halmashauri. Kila mnapopeleka karatasi, beba nakala na igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Faili letu lilipotea mara moja kwenye ofisi ambayo sitaitaja. Kilichotuokoa ni nakala yenye muhuri.

Ofisi hiyohiyo ilikuwa ghorofa ya pili, hakuna lifti. Ngazi 34, nilizihesabu kwa sababu nilizipanda kwa kukaa, moja baada ya nyingine, magongo yamebebwa na mlinzi. Nilifika juu na sketi imechafuka, nikaambiwa niende nirudi kesho. Usipite njia hiyo. Piga simu kabla, useme: "Shikamoo, mimi natumia magongo, naomba tuonane chini." Sheria ya Watu Wenye Ulemavu ya 2010 inataka majengo ya umma yafikike, na Tanzania iliridhia Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Watu Wenye Ulemavu mwaka 2009. Huombi fadhila. Siku nilipolisema hilo kwa adabu kwenye simu, afisa alishuka.

Siku wakaguzi wanapokuja kuwaona, kila mwanachama ajieleze mwenyewe. Asijibu mjomba, wala jirani mwenye kauli nzuri. Mkaguzi mmoja aliuliza, "Na nani anawasimamia?" Mwenzetu kiziwi alimtazama mkalimani, kisha akajibu kwa alama: mwenyekiti ni mimi. Wakaguzi wanatafuta kikundi hewa, na sauti za watu wenyewe, au mikono yao, ndiyo dawa.

Mkataba usomwe wote, kwa sauti na kwa alama, kabla ya kusaini. Angalieni vitu vitatu: tarehe ya marejesho ya kwanza, namba ya akaunti ya kurejeshea, na nini kinatokea mkichelewa.

Fedha zikishaingia

Msigawane. Nimeona kikundi kikigawana milioni tatu kwa watu watano siku ileile, kila mmoja akaenda na biashara yake, na baada ya mwaka kilibaki deni tu. Nunueni vifaa vilivyoandikwa, mchukue risiti, mpige picha kila kifaa kikiwa na namba yake. Mweka hazina asome mapato na matumizi kila Ijumaa mbele ya wote. Marejesho yawekwe benki, si mkononi mwa afisa, hata akiwa mtu mwema kiasi gani.

Zaidi ya mkopo

Mkopo hautafika kwa kila mtu, na si kila mtu anataka biashara. Kwa ajira, sheria ya 2010 inamtaka mwajiri mwenye wafanyakazi 20 au zaidi awe na watu wenye ulemavu asilimia 3. Kwenye barua ya kuomba kazi kitaje kifungu hicho, kifungu cha 31. Kwa ufundi kuna chuo cha watu wenye ulemavu Yombo. Kwa mguu kifundo, mtoto wa jicho au viungo bandia kuna CCBRT Msasani, na kwa mifupa kuna MOI pale Muhimbili. Mtoto mchanga mwenye mguu kifundo apelekwe ndani ya wiki za kwanza, si ndani ya miaka. Vyama vya SHIVYAWATA, shirikisho la vyama vya watu wenye ulemavu, vinaweza kuwasaidia kupata mkalimani au mtu wa kuwasindikiza.

Mwisho ni mkutano wa mtaa. Mipango ya mtaro, zahanati, choo cha shule huanzia pale. Sisi tulihudhuria mikutano mitatu mfululizo kabla ya kusikilizwa, na tulichoomba mwanzoni kilikuwa kidogo sana: mkutano uhamishwe kutoka uwanja wa mchanga hadi kwenye varanda ya saruji ya ofisi. Tulipopewa, tulikuwa watu 9 badala ya 3. Mkutano uliofuata tukaomba vyoo vya shule ya msingi vijengwe na tundu moja lenye mlango mpana. Likaandikwa kwenye muhtasari, na nakala ya muhtasari ninayo.

Mkikwama kurejesha

Inatokea. Kwetu ilikuwa Mei, cherehani mbili zimeharibika na mvua haijakatika. Msizime simu. Andikeni barua kabla ya tarehe ya marejesho, si baada yake: kilichotokea, kiasi mnachoweza kulipa mwezi huo hata kama ni 50,000, na tarehe mtakayofidia. Ambatanisheni picha ya kifaa kilichoharibika na bei ya fundi. Lipeni hicho kidogo siku ileile na mchukue risiti. Barua ipelekwe kwa afisa maendeleo ya jamii wa kata, nakala kwa halmashauri, nyingine ibaki kwenu ikiwa na muhuri wa kupokelewa. Yetu ilijibiwa baada ya siku 11. Walitusogezea mwezi mmoja, na nauli ya bajaji ya kupeleka barua hiyo, 7,000, nayo imo kwenye ule ukurasa wenye kichwa chekundu.